Kutoka Nemi hadi Karisimbi: miungu ya mawindo na mwezi katika nchi ya volkano

Kijana wa Goma anayechagua Latin-Philo katika sekondari hawezi kumkwepa Diana, mungu wa kike wa mawindo. Kabla ya Mtihani wa Taifa atakuwa amesoma juu ya upinde wake, mbwa wake na mwezi mwandamo uliochorwa juu ya paji la uso wake. Siku isiyo na mawingu, kijana huyo huyo akitazama kaskazini-mashariki ataiona Karisimbi, mita 4,507, na kuna mwindaji anayesemwa kukaa huko juu ambaye vitabu vyake vya shule havimtaji. Ninaamini wawili hao wanapaswa kusomwa pamoja, kwa kuwa kila mmoja humweleza mwenzake.

Tuanze na wa mbali. Wagiriki walimwita Artemis: binti wa Zeus na Leto, pacha wa Apollo, bikira aliyeshinda milimani akiwa na wanawali na mbwa wa kuwinda. Mwanzoni mwezi haukuwa wake. Ulikuwa wa Selene, na kule Roma ulikuwa wa Luna. Karne zilivyosonga watu wakawaunganisha, hata washairi wa Kirumi wakamwimba mungu wa kike mmoja mwenye sura tatu: Luna mbinguni, Diana msituni, Hecate kuzimu. Sioni ajabu katika muungano huo, maana anayenyemelea wanyama usiku anaitegemea mbalamwezi kuliko mtu yeyote.

Makao yake mashuhuri katika Italia yalikuwa Nemi, umbali wa kilometa kama 30 kutoka Roma. Ni ziwa dogo lililojaa ndani ya shimo la volkano iliyozimika. Mtu aliyezoea kupita Lac Vert kwenye njia ya Sake angelitambua mara moja. Warumi waliliita kioo cha Diana. Kila tarehe 13 Agosti wanawake waliliendea wakiwa na mienge mikononi. Mshairi Statius, aliyeishi karne ya kwanza, anaeleza kwamba siku hiyo Diana mwenyewe aliwavisha mashada mbwa waliokwisha kustaafu, akafuta mikuki, akawaacha wanyama wa porini wapite salama.

Hapo ndipo msomaji wa Kivu anapaswa kusimama kidogo. Mungu wa mawindo anaamuru siku ya kutowinda. Kwa hakika hadithi zake nyingi zina mkono huo huo wa kuzuia. Agamemnon alimuua paa wa Artemis, na pepo zikamkatalia kusafiri kutoka Aulis mpaka alipotakiwa kumtoa sadaka binti yake Iphigenia. Aktaeon, mwindaji hodari, alimwona mungu huyo akioga mtoni. Akageuzwa kulungu, na mbwa aliowafuga mwenyewe wakamrarua.

Sasa tumsikilize mwindaji wa kwetu. Ryangombe, ambaye wengine humwita Lyangombe, anasimuliwa Rwanda yote, Rutshuru, Ijwi na Bushi, na jina lake limefika hadi kwa Wanyamwezi wa Tanzania kupitia chama cha Baswezi. Simulizi hutofautiana kutoka kilima hadi kilima, ila kifo chake hakibadiliki sana. Usiku wa kuamkia mawindo, mama yake aliota ndoto mbaya: mnyama asiye na mkia, kijito kinachotiririka pande mbili, msichana anayebeba mtoto bila ngozi ya kumbebea. Alfajiri akamsihi mwanawe asitoke. Akavua mshipi wake, akautandaza mlangoni, kwa sababu mtoto haruki mshipi wa mama yake. Ryangombe akauruka. Akawaita mbwa wake, akashika njia.

Huko msituni alikutana na mwanamke mwenye mtoto, naye mwanamke akamwomba ngozi ya kumbebea. Kisha mwanamke yule akageuka nyati, akamchoma kwa pembe. Ryangombe alikufa chini ya mti wa umuko, ule unaochanua maua mekundu kabla ya kutoa majani, na hadi leo mti huo ni wake. Kabla ya kukata roho aliagiza kwamba watu wote, wakubwa na wadogo, wamwabudu kwa ibada ya kubandwa. Wenzake hawakutaka kubaki nyuma yake, wakafa pamoja naye. Roho zao zikapanda Karisimbi, kwenye baridi na pombe isiyokwisha, na huko ndiko waliobandwa, yaani walioingizwa katika ibada hiyo, walitarajia kwenda. Wasiobandwa walitupwa katika moto wa volkano ya Nyiragongo.

Mji wetu wa Goma umejengwa chini ya jehanamu hiyo. Nyiragongo ilipopasuka mwaka 1977, ikarudia 2002, ikarudia tena tarehe 22 Mei 2021, wako wazee waliozungumza juu ya roho kabla ya kuzungumza juu ya lava.

Nikiwaweka Aktaeon na Ryangombe sambamba naona jambo ambalo walimu wa Kilatini wangeweza kulitumia darasani kesho. Wote wawili ni wawindaji wasioshindwa. Wote wanakutana na mwanamke ambaye nguvu zake ni za porini, na mpaka kati ya mtu na mnyama unavunjika juu ya miili yao. Tofauti yao ni nzito. Kule Ugiriki mwanamke anabaki mungu na mwindaji anakuwa windo. Huku Virunga mwanamke mwenyewe ndiye nyati, na aliyeuawa ndiye anayegeuka mungu. Kwa maoni yangu simulizi yetu ina huruma zaidi: Aktaeon anakufa bila faida kwa mtu yeyote, lakini Ryangombe anakufa akiwaachia watu ibada iliyowakutanisha Wahutu, Watutsi na Watwa chini ya mti mmoja.

Na mwezi je? Ili kuupata inatubidi tuteremke magharibi hadi Walikale, kwa Wanyanga. Mwaka 1956, huko Kisimba, msimulizi Candi Rureke aliimba, akacheza na kusimulia utenzi wa Mwindo kwa siku 12, huku Daniel Biebuyck na wasaidizi wake wakiandika. Biebuyck pamoja na mwanaisimu Kahombo Mateene, Mnyanga mwenyewe, waliuchapisha Marekani mwaka 1969.

Mwindo, shujaa wa utenzi huo, kama mungu yule wa sura tatu, anapita ngazi zote za ulimwengu. Anashuka kuzimu akimfuata baba yake, na huko anamsaidia Kahindo, binti wa Nyamurairi mungu wa moto, kwa kumwosha vidonda. Akirudi juu na kuwa mkuu, anatamani nyama ya nguruwe pori, anawatuma Wambuti kuwinda, nao wanakutana na Kirimu, dude la vichwa saba. Mwindo analiua. Kumbe Kirimu alikuwa amechanjana damu na Nkuba, bwana wa radi. Nkuba anamnyakua Mwindo hadi mbinguni, ambako Mwindo anakaa mwaka mzima akiteswa na baridi, mvua, mawe ya mvua, Mwezi na Jua. Anaporuhusiwa kushuka anapewa amri: asiue tena mnyama yeyote, wa msituni wala wa kijijini, hata mdudu. Akivunja amri, atakufa.

Mwezi wa Walikale, basi, haumulikii mwindaji njia. Umo katika baraza linalomhukumu.

Nalisisitiza hili kwa sababu ya historia yetu ya hivi karibuni. Hifadhi ya Albert, leo Virunga, iliundwa mwaka 1925 kwa amri ya mkoloni, na wakaaji wengi walipoteza mashamba na maeneo ya kuwindia. Tangu hapo ulinzi wa wanyama umeonekana kama jambo la kigeni, linalolindwa kwa bunduki. Viboko wa Ziwa Edward walikuwa zaidi ya 20,000 katika miaka ya 1970; baada ya vita walibaki chini ya 1,000. Askari wa hifadhi wanaendelea kuuawa. Huku watoto wakiambiwa kwamba wazo la kumwekea mwindaji mpaka limetoka Ulaya, Wanyanga walikuwa wakiliimba usiku kucha, na ibada ya Ryangombe ilikuwa imejengwa juu ya kaburi la mwindaji aliyeuawa na windo lake.

Wamisionari waliipiga vita ibada hiyo, lakini si wote waliotaka isahaulike. Ng'ambo ya mpaka, kilometa chache kutoka Goma, Askofu Aloys Bigirumwami wa Nyundo, aliyewekwa wakfu mwaka 1952, alitumia miaka mingi kukusanya hadithi, mila na miiko ya Rwanda na kuzichapa. Upande wetu wa Kivu Kaskazini kazi kama hiyo bado ni ndogo mno. Utenzi wa Mwindo unapatikana kwa urahisi zaidi katika maktaba za California kuliko Walikale.

Kwa hiyo naomba mambo mawili. Walimu wa Latin-Philo, siku mnapomfundisha Diana, fundisheni na Ryangombe na Mwindo katika somo hilo hilo. Na wewe uliye na babu au bibi Masisi, Rutshuru, Walikale au katika kambi ya wakimbizi, washa simu yako umrekodi, kwa lugha yake, mwaka huu.