Nyumba na Njia: Tamthilia Mbili za Lynn Nottage Zikisomwa Kutoka Kasongo na Kabambare

Utangulizi

Lynn Nottage ni mwanamke wa kwanza kutunukiwa mara mbili Tuzo ya Pulitzer ya tamthilia: mwaka 2009 kwa Ruined, na mwaka 2017 kwa Sweat. Huko kwao Marekani husomwa zaidi kama mtunzi wa wanawake weusi ambao historia imewasahau. Usomaji huo una haki yake, lakini hautoshi kwa msomaji wa Kongo ya mashariki. Kwetu sisi Nottage ni mtunzi wa mali: anachunguza jinsi kitu cha thamani kinavyochimbwa au kung'olewa mahali pamoja, kikanufaisha mahali pengine, na nani hulipa gharama katikati.

Tamthilia zake mbili zinaligusa jambo hilo moja kwa moja. Ruined, iliyoonyeshwa mara ya kwanza mwaka 2008 katika ukumbi wa Goodman mjini Chicago, imewekwa katika mji mdogo wa machimbo ndani ya msitu wa Ituri. Mlima's Tale, iliyoonyeshwa mwaka 2018 katika Public Theater mjini New York, inafuata pembe za ndovu aliyeuawa Kenya hadi zinapofika ng'ambo. Hakuna hata moja kati ya hizo inayotokea katika jimbo la Maniema. Hata hivyo, nadai kwamba kusini ya Maniema, yaani Kasongo na Kabambare, ndipo zinapoeleweka vizuri zaidi. Nottage ameigawa historia moja mara mbili. Katika Ruined ametupa nyumba bila njia. Katika Mlima's Tale ametupa njia bila nyumba. Historia yetu ina vyote viwili, na kwa kuitumia tunaweza kuona nguvu ya kila tamthilia na kasoro yake.

Mtunzi na namna yake ya kufanya kazi

Nottage alizaliwa Brooklyn mwaka 1964. Alisoma Chuo Kikuu cha Brown, kisha akasomea utunzi wa tamthilia Yale. Baada ya hapo alifanya kazi miaka kadhaa katika ofisi ya habari ya Amnesty International. Kipindi hicho kilimfundisha jambo ambalo halikumtoka tena: ushuhuda wa mtu mmoja una uzito ambao takwimu hazina. Intimate Apparel (2003) ilimfufua mshonaji mweusi wa New York ya mwaka 1905. Kwa ajili ya Sweat alikwenda tena na tena katika mji wa Reading, Pennsylvania, akiwasikiliza wafanyakazi ambao viwanda vyao vilikuwa vimefungwa au kuhamishwa.

Ruined ilizaliwa kwa njia hiyo hiyo. Mwaka 2004 Nottage na mwelekezi Kate Whoriskey walisafiri hadi Uganda, wakakutana na wanawake waliokimbia vita vya Kongo. Awali alikusudia kuigeuza tamthilia ya Bertolt Brecht juu ya Mama Courage, mchuuzi anayekula kutokana na vita huku vita vikimlia watoto wake. Baada ya kuwasikiliza wanawake wale aliacha mpango huo, akatunga kitu chake. Kutoka kwa Brecht alibaki na swali la biashara ndani ya vita. Ule ubaridi wa Brecht, unaomweka mtazamaji mbali na mhusika ili afikiri badala ya kulia, aliukataa. Alitaka mtazamaji afikiri huku akiumia.

Ruined: nyumba bila njia

Mama Nadi ana baa ambayo pia ni danguro. Wanajeshi wa serikali hunywa humo leo, waasi kesho, na sheria ya nyumba ni kwamba risasi hubaki kaunta. Mchuuzi aitwaye Christian anamletea wasichana wawili. Sophie, mpwa wake, ameumizwa vibaya mwilini kwa ubakaji. Salima alichukuliwa shambani na wanajeshi, akafanywa mtumwa wao wa ngono, na aliporudi kijijini akakataliwa. Tangu mwanzo wanawake wanaingia nyumbani humo pamoja na bidhaa: Christian anawajadilia bei huku akitoa rangi ya midomo na chokoleti. Nottage hahitaji hotuba kutueleza kwamba mtu amekuwa mzigo katika gari la mizigo.

Ustadi wake mkubwa umo katika kumkataa Mama Nadi kama mtakatifu na kumkataa kama shetani. Anawanyonya wasichana, na wakati huo huo paa lake ndilo pekee linalowahifadhi. Kamanda wa serikali Osembenga na kiongozi wa waasi Kisembe wanazungumza karibu lugha moja, wote wakidai kuwakomboa watu wale wale wanaowapora. Salima, akiwa na mimba ya wale waliomteka, anakufa kwa mkono wake akitangaza kwamba vita vyao havitapiganwa tena ndani ya mwili wake. Ni kauli nzito kuliko zote jukwaani, nayo inaingia katika kiini cha suala: mwili wa mwanamke umekuwa uwanja wa kugombea ardhi yenye madini.

Baadhi ya wahakiki waliulalamikia mwisho, ambapo Mama Nadi anacheza dansi na Christian, wakauona mtamu mno baada ya uchungu ule. Mimi siuoni udhaifu hapo. Mwanamke aliyeumizwa ana haki ya kupendwa, na jukwaa lina haki ya kusema hivyo. Udhaifu upo mahali ambapo wahakiki hao hawakupatazama. Mama Nadi ana almasi moja aliyoificha kama akiba ya maisha. Mapigano yanapofika mlangoni anaitoa, ili Harari, mfanyabiashara Mlebanoni, amchukue Sophie akatibiwe. Harari anaondoka na almasi na kumwacha Sophie. Kuanzia hapo almasi inapotea. Tamthilia haiulizi imekwenda wapi, imeuzwa kwa nani, imevaliwa kidole gani. Mtazamaji wa Chicago anabaki na vilio vya ndani ya nyumba, wakati barabara inayotoka humo kwenda kwake imefungwa.

Mlima's Tale: njia bila nyumba

Miaka kumi baadaye Nottage aliifungua barabara hiyo. Katika Mlima's Tale ndovu mwenye pembe kubwa anauawa na majangili, kisha roho yake inazifuata pembe zake. Zinapita kwa mlinzi, kwa ofisa, kwa mfanyabiashara, kwa baharia, kwa mchongaji, hadi kwa tajiri. Mwigizaji anayemwigiza Mlima humpaka alama nyeupe kila aliyeshiriki. Msuko ni wa mnyororo: kila onyesho linamchukua mhusika mmoja wa onyesho lililotangulia na kumkutanisha na mwingine. Hakuna anayeweza kudai kwamba hakujua, kwa sababu alama anayo. Hilo ndilo alilolikosa Harari.

Lakini safari hii ilikuwa na gharama yake kisanaa. Wahusika wanapita haraka, na ni wachache tunaowajua jinsi tunavyomjua Salima. Mateso yamebebwa na mnyama. Wanadamu ni mawakala tu wa uovu. Katika historia ya biashara ya pembe, mambo hayakuwa hivyo. Pembe ilibebwa na binadamu, na wengi wao hawakupenda.

Kasongo na Kabambare: nyumba na njia pamoja

Hamed bin Muhammed el Murjebi, yaani Tippu Tip, mfanyabiashara wa pembe na watumwa, aliifanya Kasongo makao yake makuu katika miaka ya 1870. Kutoka hapo misafara ilipita Kabambare kuelekea Ziwa Tanganyika, Ujiji, Tabora na pwani. Pembe zilizofika Unguja zilikuwa na wanunuzi wengi, na Wamarekani walikuwa mstari wa mbele. Konsuli wao alikuwapo kisiwani tangu 1837. Katika jimbo la Connecticut, miji ya Deep River na Ivoryton ilijengwa juu ya kazi ya kukata pembe zilizotoka Unguja kuwa funguo za piano. Kwa hiyo mnyororo ambao Nottage anauelekeza Asia katika karne ya 21 uliwahi kuishia katika sebule za nchi yake mwenyewe, na Maniema ilikuwa mojawapo ya vyanzo vyake.

Sasa tuitazame nyumba. Sidney Hinde, daktari Mwingereza aliyekuwa na jeshi la Dhanis, kamanda wa Dola Huru la Kongo, lilipoiteka Kasongo Aprili 1893, aliandika kwa mshangao kuhusu mishumaa, sukari na glasi alizozikuta katikati ya bara. Ni fahari ya aina ile ile iliyomo katika baa ya Mama Nadi: starehe iliyoletwa kutoka mbali na kulipiwa na msitu. Ndani ya nyumba za Kasongo walikuwamo masuria na mateka waliolima, waliopika na waliozaa. Tippu Tip mwenyewe, katika wasifu wake ulioandikwa kwa Kiswahili, anasimulia jinsi alivyopata utawala wa nchi ya Utetera: alimweleza mtemi Kasongo Rushie kwamba bibi yake alikuwa binti wa ukoo huo aliyetekwa vitani. Mzee alimkabidhi nchi, na pamoja na nchi zikaja pembe nyingi. Hadithi ya mwanamke aliyetekwa ikawa hati ya kumiliki pembe. Hapo nyumba na njia ni kitu kimoja.

Kabambare inaonyesha kwamba jambo hilo halikuisha na pembe. Dhahabu ya Namoya ilichimbwa tangu enzi ya Wabelgiji. Katika miaka yetu kampuni ya Kanada, Banro, ilianza uzalishaji wa kibiashara mwaka 2016, na mwaka 2019 ikasimamisha kazi kutokana na mashambulizi. Salamabila, eneo la mgodi huo, imeishi kati ya wachimbaji wa mikono, wanajeshi na kundi la waasi la Mai-Mai Malaika, na ripoti za Umoja wa Mataifa zimetaja ubakaji uliofanywa na watu wenye silaha katika teritori hiyo. Salima hakutungwa kwa ajili ya Kabambare, lakini hakuna mwanamke wa Kabambare atakayehitaji kuelezwa yeye ni nani. Kile ambacho Ruined haikumwonyesha ni kwamba bibi wa bibi yake alipita njia hiyo hiyo akiwa na mzigo wa pembe begani.

Hitimisho

Wapo watakaosema kwamba Mmarekani aliyeandika kwa Kiingereza, kwa hadhira iliyolipia tiketi New York, ameyafanya maumivu yetu kuwa bidhaa nyingine ya kusafirisha. Onyo hilo ni la haki, na jibu lake si kumfungia mlango. Amewasikiliza wanawake wenyewe, amewapa akili, ucheshi na hasira, na hakuwafanya alama tu za huruma. Kazi iliyobaki ni yetu.

Kazi hiyo inawezekana. Mwalimu Nyerere alitafsiri Shakespeare, na Juliasi Kaizari ikawa mali ya Waswahili. Ebrahim Hussein, aliyesomea Berlin ya Mashariki, alionyesha tangu Kinjeketile (1969) kwamba historia yetu ya mapambano inabeba tamthilia kubwa. Kundi la maigizo la Mufwankolo la Lubumbashi limethibitisha kwamba Kiswahili cha Kongo kinajaza ukumbi na kuijadili serikali mbele ya wananchi. Walimu wa fasihi wa Kindu, Bukavu na Lubumbashi wazitafsiri Ruined na Mlima's Tale na kuzichapisha katika kitabu kimoja, kwa sababu kila moja inalijibu swali ambalo nyingine imeliacha. Waigizaji waziweke katika jukwaa moja, ili almasi ya Mama Nadi ifuatwe hadi inapofika, na onyesho la kwanza lifanyike Kasongo, mbele ya wanawake waliotoka Kabambare.