Mwenye Njia Naye Ana Mali: Haki ya Mapito na Fidia ya Ardhi Iliyotwaliwa nchini Kenya

Mkulima ana ekari mbili nyuma ya shamba la jirani. Kwa miaka 30 amekuwa akipitisha mkokoteni wake kando ya shamba hilo hadi barabarani, mchana kweupe, bila kuomba ruhusa na bila kuzuiwa. Serikali inalitwaa shamba la mbele ili ijenge reli, na jirani analipwa. Zile ekari mbili hazikuguswa hata shubiri moja, ila sasa haziingiliki. Je, mwenyewe amenyang'anywa mali, au amepata usumbufu tu? Mfano huu nimeubuni, lakini tuta la reli kama lile la SGR kutoka Mombasa hadi Nairobi haliwezi kukatiza mashamba ya watu bila kuzua swali hili.

Jibu langu ni kwamba amenyang'anywa mali. Kwa sheria ya Kenya haki ya mapito si hisani ya ujirani. Kifungu cha 32 cha Sheria ya Ukomo wa Mashauri, Sura ya 22, kinasema njia iliyotumiwa kwa amani, waziwazi na mfululizo kwa miaka 20, kama haki na si kwa ruhusa, huwa haki kamili isiyotenguliwa. Kifungu cha 28 cha Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012 nacho kinazilinda haki za njia na za maji zilizokuwapo wakati wa usajili wa kwanza, hata kama sajili haikuziandika. Ibara ya 40 ya Katiba haisemi kwamba fidia ni ya mwenye hatimiliki peke yake. Inataja mali, pamoja na maslahi yoyote katika mali.

Tatizo linaanzia kwenye orodha ya wanaoarifiwa na kuitwa serikali inapotwaa ardhi. Kifungu cha 107(8) cha Sheria ya Ardhi ya 2012 kinawataja wenye maslahi yaliyomo katika sajili, wanaoikalia ardhi yenyewe, na wenzi wao wa ndoa. Mpita njia wetu hayumo katika sajili, wala haikalii ardhi ya jirani, anaipitia tu. Ni kweli kwamba kifungu kinasema orodha hiyo "inajumuisha", hivyo mlango haujafungwa. Lakini ofisa mwenye mafaili mia moja mezani hatatoka kwenda kumtafuta mtu ambaye hakutajwa. Baadaye kifungu cha 120 kinaikabidhi serikali ardhi ikiwa huru kutokana na mizigo yote, na haki iliyochukua miongo kadhaa kujengeka inafutika siku moja.

Hata akiitwa, ugumu wa pili ni hesabu. Mthamini akipima ukanda wa njia na kuuzidisha kwa bei ya ekari, atapata senti. Hapo amepima kitu kisicho chenyewe. Thamani ya njia iko katika ardhi inayoihitaji, kwa hiyo kipimo sahihi ni tofauti kati ya bei ya ekari zile mbili zikiwa na njia na bei yake zikiwa hazina. Mahakama ya Juu ya Marekani ililiona jambo hili katika kesi ya Welch ya mwaka 1910, iliyotokana na mafuriko ya bwawa. Kipande cha ardhi kilichozama kilithaminiwa dola 300, lakini hasara ya shamba kwa kupotea kwa njia ya kulifikia ilikuwa dola 1,700. Jaji Holmes alishikilia kwamba kuiharibu njia ya mtu ni kutwaa mali yake. Kanuni zetu za fidia za 2017 zina nafasi ya hesabu hiyo, kwa kuwa zinatambua madhara ambayo utwaaji unayaletea mali nyingine ya mdai.

Wapo watakaosema kwamba kwa mtindo huu serikali italipa mara mbili. La. Shamba lenye njia ya mtu mwingine ndani yake lina thamani pungufu kuliko shamba lisilo na mzigo. Anayemlipa jirani bei kamili, kana kwamba njia haikuwapo, anamlipa kwa kitu ambacho hakuwa nacho, na fedha hizo zilikuwa za yule wa nyuma. Tena serikali inaweza kuupunguza mzigo wake kwa kujenga kivuko chini ya tuta. Hasara ikipungua, fidia nayo itapungua.

Ingetosha Bunge kuongeza maneno machache katika kifungu cha 107(8): "na kila mwenye haki ya matumizi juu ya ardhi hiyo, iwe imesajiliwa au la." Kabla halijafanya hivyo, mwenye njia asingoje barua. Kifungu cha 112 kinataka tangazo la kikao cha uchunguzi litolewe katika Gazeti Rasmi angalau siku 15 kabla ya kikao, na dai la fidia lifikishwe kwa Tume ya Kitaifa ya Ardhi kwa maandishi, kabla ya siku ya kikao kupita.