Kutoka Kibweta hadi Wingu: Historia Fupi ya Jalada na Njia Yake ya Mkato

Utangulizi

Yumkini baadhi ya walimu wenzetu watashangaa kuona kurasa hizi, zilizozoea kujadili methali, ngeli na fasihi simulizi, zikishughulika na mambo ya kompyuta. Mshangao huo twauelewa. Lakini kila chombo kigeni huingia nchini pamoja na maneno yake, na mwalimu asiyeijua historia ya chombo hawezi kumfafanulia mwanafunzi maana ya neno. Atamfundisha kulitamka tu.

Katika makala haya tutazungumzia jambo moja dogo: ile orodha fupi ya majina iliyo upande wa kushoto wa dirisha la mafaili, na jinsi majalada yaliyohifadhiwa katika kile kiitwacho “wingu” yanavyoweza kutiwa humo ili yafikiwe kwa haraka. Tutaeleza kwanza asili ya jambo lenyewe, kisha maneno yake, na mwisho tutataja somo ambalo sisi wenyewe tulilipata kwa gharama.

Jalada kabla ya kompyuta

Katika nyumba za zamani za upwa wa Afrika Mashariki, karatasi zenye thamani, kama vile hati, barua na tungo, ziliwekwa katika kibweta. Kibweta kilikuwa na mwenyewe mmoja na ufunguo mmoja, na orodha ya yaliyomo ilikuwa kichwani mwa mwenyewe. Alipofariki, warithi hawakuwa na budi kutoa karatasi moja moja na kuisoma ili kujua kilichomo.

Ofisi za Ulaya na Marekani zilikuwa na taabu iyo hiyo, ila kwa wingi zaidi. Barua zilikunjwa na kusukumwa katika vishubaka vya mbao, ama zilirundikwa moja juu ya nyingine. Mwaka 1893, katika maonyesho makubwa ya dunia yaliyofanyika Chicago, shirika la Library Bureau, lililokuwa likitengeneza vifaa vya maktaba, lilionyesha utaratibu wa kusimamisha karatasi wima ndani ya mtoto wa kabati, zikiwa zimetiwa katika majalada yenye majina ukingoni. Jambo hilo laonekana dogo, lakini lilikuwa na uzito. Tangu hapo karatasi iliweza kupatikana na mtu ambaye siye aliyeiweka.

Maktaba nazo zilikuwa na hekima yao, nayo ni kadi. Kadi si kitabu. Kadi ni alama ya mahali kitabu kilipo. Kitabu kimoja chaweza kuwa na kadi tatu: moja kwa jina la mwandishi, moja kwa anwani ya kitabu, na moja kwa mada. Ukiichana kadi, kitabu hakidhuriki. Tunamwomba msomaji aikumbuke kadi hii, maana ndiyo mbegu ya yote yatakayofuata.

Jalada laingia ndani ya mashine

Mwaka 1965 wataalamu wawili wa Marekani, R. C. Daley na P. G. Neumann, walieleza mpango wa kuhifadhi mafaili katika mfumo wa kompyuta ulioitwa Multics. Walipendekeza mafaili yapangwe kama mti: shina moja, matawi, na vitawi vinavyotoka katika matawi, yaani jalada ndani ya jalada. Lakini mti una shida yake. Jani moja haliwezi kuota katika matawi mawili. Kwa hiyo wataalamu hao waliongeza kitu cha pili, nacho ni kiungo: jina lililoandikwa katika tawi moja, ambalo kazi yake ni kuelekeza kwenye tawi jingine. Kadi ya maktaba ilikuwa imeingia ndani ya mashine.

Mfumo wa Unix, ulioanza kutungwa mwaka 1969, uliurithi mti huo. Na mwaka 1983 toleo lake lililotengenezwa katika Chuo Kikuu cha California, Berkeley, likaleta viungo vinavyoandika njia nzima ya kulifikia faili. Hata hivyo mambo hayo yalikuwa ya watu wachache, kwa kuwa kila amri iliandikwa kwa herufi.

Picha ya jalada ilifika mezani mwa karani mwaka 1981, pale kampuni ya Xerox ilipotoa mashine yake iitwayo Star. Kwenye kioo chake palikuwa na picha za karatasi, majalada na makabati. Macintosh ya mwaka 1984 ndiyo iliyozipeleka picha hizo kwa watu wengi zaidi. Mwaka 1991 Macintosh ikapata alama ya kuwakilisha faili lililo mahali pengine, na mwaka 1995 Windows 95 ikaleta ile picha yenye mshale mdogo pembeni, ambayo Waswahili tumeiita njia ya mkato.

Hapa pafaa tutaje tofauti moja ambayo walimu wengi hawajaigundua. Kiungo cha Unix huandika njia tu. Faili likihamishwa, kiungo hubaki kikielekeza mahali patupu, kama mtu anayekutuma nyumba ambayo wenyewe wamekwisha hama. Alama ya Macintosh huandika pia utambulisho wa faili lenyewe, na kwa hiyo huweza kulifuata lilikohamia. Lakini vyote viwili vinakubaliana katika sharti moja: alama ikifutwa, kitu hubaki.

Orodha ya pembeni

Kadiri diski zilivyopanuka, mti nao ulirefuka. Mwalimu aliyetaka mtihani wa muhula uliopita alilazimika kufungua majalada matano au sita, moja ndani ya jingine. Ndipo likaja wazo la kuyaweka majina machache ya majalada yanayotumika sana pembeni mwa dirisha, yaonekane wakati wote. Kompyuta za Apple zilipata upau huo wa pembeni katika toleo la Mac OS X la mwaka 2003. Windows 7, ya mwaka 2009, iliweka mahali pake pa vipendwa upande wa kushoto; na Windows 10, ya mwaka 2015, ikapabadilisha pakawa mahali pa kufikia haraka, ambapo mashine huongeza pia majalada ambayo mtumiaji huyafungua mara kwa mara.

Wingu

Sasa tuje kwenye wingu. Wahandisi wa simu na mitandao walikuwa na desturi ya kuchora wingu kila walipotaka kuonyesha sehemu ya mtandao ambayo hawakuwa na haja ya kuieleza. Mchoro ukazaa jina. Wanafunzi wetu wasidhani kwamba maandishi yao yako angani. Yako ardhini, katika majengo makubwa yenye maelfu ya diski, yanayokula umeme mwingi na kuhitaji kupozwa usiku na mchana.

Drew Houston, kijana wa Kimarekani, amesimulia kwamba alisahau kijiti chake cha kumbukumbu alipokuwa akisafiri kwa basi kutoka Boston kwenda New York, na ndipo akaanza kuandika programu ya kumwondolea taabu hiyo. Yeye na mwenzake Arash Ferdowsi walianzisha Dropbox mwaka 2007, ikafunguliwa kwa watu wote mwaka 2008. Wazo lao lilikuwa jepesi: programu huunda jalada moja la kawaida ndani ya kompyuta, kisha hulilinda. Chochote kinachotiwa humo hunakiliwa kwenye diski za mbali na kwenye kompyuta nyingine zote za mtu yule yule. Google Drive ilifuata mwaka 2012. Huduma ya Microsoft, iliyoanza mwaka 2007, ilipewa jina la OneDrive mwaka 2014.

Jalada la wingu, kwa hiyo, huonekana katika mti wa mafaili kama tawi lingine lolote, na laweza kutiwa katika orodha ya pembeni kama jingine lolote. Katika Windows, mtu hubofya jalada kwa kitufe cha kulia cha kipanya na kuchagua amri ya kulibandika mahali pa kufikia haraka. Katika Macintosh hulikokota kwa kipanya na kuliachia katika sehemu ya vipendwa. Katika dirisha la mafaili la GNOME, litumiwalo katika kompyuta nyingi za Linux, hulifungua na kubonyeza Ctrl pamoja na D. Kazi hiyo haichukui hata nusu dakika, na humwokoa mwalimu na safari ya kila siku ya kupita tawi hadi tawi. Wala si lazima kubandika jalada kuu. Afadhali kubandika lile dogo la darasa unalolifundisha muhula huu, na kulibandua muhula ukiisha.

Maneno yake

Mwaka 2004 mradi wa Kilinux, ulioshirikisha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, ulitoa programu za ofisi zenye maagizo ya Kiswahili kwa jina la Jambo OpenOffice. Kazi kama hiyo ndiyo iliyotulazimisha kuuliza: kitu hiki tukiite nini?

Wapo wasemao folda, wapo wasemao kabrasha, na wapo wasemao jalada. Sisi twapendelea jalada, neno lenye asili ya Kiarabu lililo jamaa moja na neno la ngozi, kwa kuwa vitabu vilijalidiwa kwa ngozi. Nalo limekwisha zoeleka katika mahakama na ofisi zetu. Hapa Rwanda, ambako Kiswahili kilifanywa lugha rasmi mwaka 2017, wanafunzi hutujia na neno dosiye, lililotoka katika Kifaransa na kuingia katika Kinyarwanda. Hatuwacheki. Twawaonyesha kwamba dosiye na jalada ni ndugu walioletwa na wageni mbalimbali.

Neno kivinjari nalo lina raha yake. Kuvinjari ni kuzungukazunguka ukichungua, kama afanyavyo mlinzi ama chombo kinachopitapita mbele ya bandari. Basi kivinjari cha mafaili ni kile kinachotuzungusha katika mti wetu. Ama njia ya mkato, hiyo haihitaji maelezo kwa mtoto aliyezaliwa katika nchi ya vilima: barabara huuzunguka mlima, yeye hukatiza shambani.

Somo tulilolilipia

Kwa miaka mitatu, sisi na walimu wenzetu watatu tuliwatuma wanafunzi kwa wazee wa mitaa yao kukusanya ngano, vitendawili na habari za jinsi Kiswahili kilivyofika kwao kwa njia ya biashara na misafara. Tuliyachapa masimulizi hayo, tukayatia katika jalada moja la wingu tulilolimiliki sisi na kuwashirikisha wenzetu. Kila mmoja alilibandika katika orodha ya pembeni ya kompyuta yake. Kazi ilikwenda vizuri.

Siku moja mwishoni mwa mwaka wa shule tulitaka kuisafisha orodha hiyo. Badala ya kuchagua amri ya kubandua, tulifuta. Tulidhani tunachana kadi, kumbe tulikuwa tukichana kitabu. Mashine haikukosea. Ilitii, na kwa kuwa kazi yake ni kufananisha, ilililiondoa jalada lile katika kompyuta zote nne. Wenzetu walikuwa likizoni, na hakuna aliyefungua mashine yake. Pipa la takataka la wingu lilivitunza vitu vyetu kwa siku 30, kisha likavitupa. Shule ilipofunguliwa, tulibofya jalada lile tukakuta hamna kitu.

Wawili kati ya wazee wale walikuwa wamekwisha fariki. Tulichokipata tena, yapata theluthi moja, kilitoka katika madaftari ya wanafunzi waliokuwa hawajayatupa. Msichana mmoja wa kidato cha tatu alituletea daftari lililolowa mvua, likiwa na ngano saba kwa mwandiko wake wa penseli. Hatujasahau namna alivyotukabidhi kwa mikono miwili, asijue kwamba sisi ndio tuliopoteza.

Hitimisho

Historia tuliyoieleza ni historia ya kutenganisha kitu na alama yake. Kadi ilitenganishwa na kitabu, kiungo na faili, njia ya mkato na jalada. Utengano huo ndio uliotupa wepesi. Lakini dirisha la leo huvionyesha vyote viwili kwa picha moja na jina moja, na jicho lisilofundishwa haliwezi kuvitofautisha. Wahenga walisema kwamba dalili ya mvua ni mawingu. Hawakusema kwamba wingu ni mvua.

Kwa hiyo twatoa mapendekezo matatu kwa walimu wenzetu. Kwanza, mwalimu awafundishe wanafunzi maneno mawili, kubandua na kufuta, kuwa ni vitenzi viwili tofauti, na awaonyeshe tofauti hiyo kwa vitendo. Pili, pasiwe na mkusanyo wa fasihi simulizi unaokaa katika wingu peke yake. Nakala moja iwe katika diski isiyofananishwa na kitu chochote, na nyingine, inapowezekana, iwe katika karatasi. Tatu, madaftari ya wanafunzi yasichomwe mwisho wa mwaka kabla hayajapekuliwa.

Kibweta cha wazee kilikuwa na kasoro zake, lakini mwenyewe alijua kilipo na ufunguo ulikuwa kiunoni mwake. Sisi tuliopewa wingu hatuna budi kujua vivyo hivyo: kipi ni kitu, kipi ni alama, na ufunguo anao nani.