Filamu za Jinai na Mabinti wa Mara

Filamu za jinai za televisheni aghalabu huanza na maiti. Mtazamaji hukutana kwanza na aliyekwisha kufa, kisha mhariri wa picha humrudisha nyuma hatua kwa hatua, mpaka aijue nyumba, ajue ugomvi, na mwisho amjue muuaji. Giselle Portenier, mwandishi wa habari wa Kanada aliyeitumikia BBC kwa miaka mingi, alijijengea jina kwa kazi za namna hiyo. Murder in Purdah, ya 1999, ilihusu wanawake wa Pakistan waliouawa na jamaa zao kwa kisingizio cha heshima. Killer's Paradise, ya 2006, ilihusu wanawake wa Guatemala na wauaji walioachwa huru.

Mwaka 2018 ilitoka kazi yake aliyoipiga mkoani Mara, In the Name of Your Daughter, na ndani yake utaratibu ule umepinduka. Kosa halijatendeka bado. Linajulikana msimu wake, Desemba, shule zifungapo, anajulikana ngariba, na ng'ombe wa mahari wamekwisha kuhesabiwa katika fikra za baba. Anayekimbia usiku ni binti wa miaka kumi na kitu, na wakati mwingine hata hajafika umri huo.

Sheria ipo. Tangu 1998 Tanzania imeuharamisha ukeketaji wa msichana aliye chini ya miaka 18, na adhabu yake ni kifungo cha miaka mitano hadi kumi na mitano. Hata hivyo, uchunguzi wa taifa wa 2015-16 ulionyesha kwamba Mara wanawake 32 katika kila 100 walikuwa wamekeketwa, ilhali kwa nchi nzima ni 10. (Aliyetimiza miaka 18 sheria hiyo haimtaji, jambo linaloniudhi kila nikilifikiri.)

Kitovu cha filamu ni Rhobi Samwelly, mwenyeji wa Mara, ambaye alikeketwa akiwa msichana na nusura afe kwa kutokwa na damu. Tangu 2014 amewapokea mabinti katika nyumba salama ya Mugumu, wilaya ya Serengeti. Baadaye ilifunguliwa nyingine Kiabakari, wilaya ya Butiama, katika njia ya atokaye Musoma kwenda Bunda. Dawati la jinsia la polisi hushirikiana naye. Tatizo lilikuwa kuvifikia vijiji gizani, maana vingi havikuwamo katika ramani yoyote. Ndipo watu wa kujitolea duniani kote wakaanza kuzichora njia hizo kwa kutazama picha za setilaiti.

Butiama msomaji wa pwani huijua kwa Mwalimu Nyerere, na mpenzi wa ushairi huijua pia kwa tafsiri zake za Shakespeare. Katika Mabepari wa Venisi, ya 1969, kisu kimekwisha kunolewa mbele ya hakimu, na mwenye kukidai ana hati mkononi; anayeokolewa huokolewa kwa maneno ya hati ile ile. Huku Mara maneno ya sheria yako upande wa binti, na kisu hunolewa vilevile.

Kwa mhariri wa picha, ugumu uko kwa shahidi. Maiti wa Guatemala hakuwa na la kusema juu ya mshitakiwa. Binti wa Mugumu analo: mshitakiwa ni mama yake, naye anampenda, anataka kurudi kwake akiwa mzima. Ukiikata picha ile ya mapenzi, mama anabaki jahili mtupu. Ukiiacha ndefu mno, kosa linayeyuka. Portenier ameyaacha yote mawili. Na ndivyo nyumba zile zifanyavyo kazi: msimu ukipita wazazi huitwa, huzungumzishwa, hutia sahihi ahadi ya kutomkeketa mtoto, naye hurudishwa nyumbani. Wale ambao wazazi wao hukataa kutia sahihi hubaki, na masomo yao huendelea wakiwa hapo hapo.