Majumba ya Mabwana wa Ayalandi

Katika karne ya 17 Waingereza waliwanyang'anya wenyeji wa Ayalandi sehemu kubwa ya ardhi yao, wakawagawia askari na wafuasi wao. Wajukuu wa askari hao walijijengea majumba ya mawe, wakaishi kwa kodi za wakulima.

Sheria ya mwaka 1903 iliwakopesha wapangaji fedha za kununua mashamba. Hivyo kodi zikakoma, na jumba likabaki bila chakula chake. Kisha vita vya 1914 viliua warithi wengi, na fitina za 1920 hadi 1923 zikateketeza majumba zaidi ya 200.

Bowen's Court, katika wilaya ya Cork, lililomalizika kujengwa mwaka 1775, halikuguswa na moto. Mwaka 1930 alilirithi Elizabeth Bowen, mtungaji wa hadithi, mwanamke wa kwanza kulimiliki. Alijitahidi kulitunza kwa mapato ya kalamu yake. Lakini paa la jumba kama lile halishibi. Mwaka 1959 alimwuzia mkulima jirani, akitumaini kwamba watu wataishi humo tena. Baadaye likabomolewa lote. Mwenyewe aliona ni afadhali hivyo kuliko kugeuka gofu.