Germaine Dulac, aliyemtangulia Buñuel

Tarehe 9 Februari 1928, ukumbi mdogo wa Studio des Ursulines mjini Paris ulichafuka kwa matusi. Filamu iliyozua zogo ilikuwa La Coquille et le Clergyman, na waliopiga kelele ni wasurialisti, wasanii waliothamini ndoto kuliko mantiki, marafiki wa Antonin Artaud aliyeandika mswada wake. Artaud alidai mwongozaji, Germaine Dulac, ameiharibu kazi yake. Wakaguzi wa Uingereza nao wakaipiga marufuku kwa hoja ya kuchekesha: haieleweki, na kama ina maana, basi bila shaka ni maana mbaya.

Mwaka uliofuata Luis Buñuel na Salvador Dalí walitoa Un Chien Andalou, wakazoa sifa zote za kuanzisha sinema ya kisurialisti. Dulac akasahaulika.

Alizaliwa Amiens mwaka 1882. Kabla ya kushika kamera alikuwa mwandishi wa La Française, gazeti lililopigania wanawake wapewe kura. Ufaransa iliwapa haki hiyo mwaka 1944. Yeye alikuwa ameshafariki miaka miwili nyuma.

Lakini zogo lile lisitupumbaze. Kazi yake bora ni La Souriante Madame Beudet ya mwaka 1923. Mume wa Madame Beudet, mfanyabiashara wa vitambaa, ana mzaha mmoja usiomchosha: kujiwekea kichwani bastola isiyo na risasi. Hata chombo cha maua hakiachwi. Mume anakisogeza katikati ya meza, mke anakirudisha pembeni. Mume akitoka, huifunga piano na kuondoka na ufunguo. Mke akifungua jarida, mcheza tenisi anatoka pichani na kumbeba mume yule kwenda zake. Lenzi inaupinda uso wa bwana mpaka unatisha, kwani tunamwona kwa macho ya mkewe. Mwishowe mke anatia risasi kwenye bastola. Kesho yake mume anamwelekezea mkewe, anafyatua, anamkosa, kisha anamkumbatia akidhani mke ndiye aliyetaka kujiua. Mjinga hajaelewa kitu!

Baadaye Dulac aliacha hadithi kabisa. Katika Disque 957 alipiga picha santuri inayozunguka na mwanga unaocheza juu yake, akitaka mtazamaji auone muziki wa Chopin badala ya kuusikia. Sauti ilipoingia kwenye sinema, gharama zilipanda na majaribio ya namna hiyo yakakosa wafadhili, naye akahamia filamu za habari katika kampuni ya Gaumont.

Madame Beudet haifiki hata saa moja. Ukiipata, itazame kwanza, Buñuel baadaye.