Shimo la Ukara na Sanduku la Mboji

Katika Ziwa Viktoria, kaskazini ya Ukerewe, kipo kisiwa cha Ukara, ambacho eneo lake halifiki kilomita 100 za mraba, na ambacho ardhi yake, kwa asili, ni mchanga uliomomonyoka katika matale, usio na rutuba ya kutajwa. Ilhali kisiwa hicho hicho, kufikia katikati ya karne ya ishirini, kilikuwa na watu yapata 200 kwa kila kilomita ya mraba, nao wakilima mashamba yale yale mwaka baada ya mwaka pasipo kuyapumzisha. Mabwana shamba wa serikali ya Kiingereza, waliozoea kuwafundisha wenyeji kilimo, walifika huko katika miaka ya 1930 wakajikuta wanafundishwa wao, wakaandika waliyoyaona kwa mastaajabu ambayo hayakuwa desturi yao.

Siri ilikuwa ndani ya nyumba. Mkara hakumwachia ng'ombe wake azurure, maana malisho hayakuwapo. Alimfunga katika shimo lililochimbwa ndani ya nyumba ile ile aliyolala yeye na watoto wake, akamkatia nyasi za ufukoni na matawi ya miti, kisha akamtandikia majani mapya juu ya yale ya jana. Samadi na mkojo, ambavyo kwingineko hukaushwa na jua hata vikapeperuka vumbi, hapa vilikanyagwa kwa kwato pamoja na matandiko na masazo ya malisho, vikaiva kivulini bila kuchujwa na mvua. Na tandiko likipanda kidogo kidogo, mnyama aliyeanza akiwa chini ya nyayo za wenyeji wake huja akasimama karibu sawa nao. Hapo shimo lilikombwa, na yaliyomo yakachukuliwa kwa vikapu mpaka shambani. Juu ya hayo, walipanda marejea katikati ya uwele, wakayafukia baada ya mavuno ili yaoze ardhini, kwa zamu ya miaka mitatu iliyojulikana na kila mkulima. Hakuna chombo kilichonunuliwa katika kazi hiyo yote. Gharama yake ilikuwa mgongo na shingo.

Zama hizo hizo, ng'ambo ya Bahari ya Hindi, Mwingereza Albert Howard, aliyekwenda Bara Hindi mwaka 1905 kuwa mtaalamu wa mimea wa serikali, alikuwa ameshughulishwa na suala lilo hilo. Tangu 1924 mpaka 1931 alisimamia taasisi ya utafiti wa mimea katika mji wa Indore, na mwaka huo wa mwisho, yeye na mwenziwe Yeshwant Wad wakatoa kitabu juu ya taka za shamba na matumizi yake. Alikuwa mtu wa insafu, kwani hakuficha kwamba wakulima wa Kihindi walikuwa waalimu wake, wala kwamba fikra ya kuozesha taka kwa taratibu aliipata katika habari za wakulima wa Uchina. Lililokuwa lake ni vipimo: shimo la futi 30 kwa futi 14, kina chake futi 2, tabaka ya mabua na majani mchanganyiko, tabaka ya samadi, kisha udongo uliolowa mkojo wa ng'ombe pamoja na jivu la kuni, na kurudia hivyo hadi shimo lijae, maji ya kiasi, kupindua mara tatu, na baada ya miezi mitatu mboji tayari. Joto lilipanda lundoni hata likaua mbegu za magugu, kwa kazi ya vijidudu ambao jicho haliwaoni lakini ambao, wakikosa hewa au maji, hugoma mara moja.

Mwaka 1933 taratibu hiyo ilianza kutumika katika shamba la kahawa la Kingatori, karibu na Kiambu, ambalo ndilo la kwanza kuishika barani Afrika. Na kutoka hapo ikaenea kwa walowezi wengine. Hivyo elimu ya kuozesha taka ilivuka bahari kuja Kenya, na Ukara ipo pale pale ziwani.

Walakini tusiwasifu Wakara kwa jambo ambalo wao wenyewe hawakulidai. Wengi wao walipohamia bara, upande wa Geita na kwingineko ambako ardhi ilikuwa tele, waliacha shimo, waliacha marejea, wakalima kama majirani zao walivyolima. Maarifa hawakuyasahau, bali dhiki iliyoyazaa haikuwapo tena. Anayeliita jambo hilo uvivu bila shaka hajapata kubeba kikapu cha samadi mbichi kichwani kupanda mlima. Kwani kwa nini mtu ajitese hivyo, na hatua chache mbele yake iko ardhi ambayo haijaguswa na jembe? Naona hapo ndipo mahubiri mengi ya kilimo yalipoteleza, kwa kudhani kwamba mkulima akiisha kujua atatenda, wala yasiulize ana ekari ngapi.

Kwa mizani hiyo, mrithi wa kweli wa Mkara siku hizi si mwenye shamba kubwa, ni mkaaji wa mjini mwenye ua wa hatua kumi, anayepanda mchicha na nyanya ukutani na kumlipa mtu kila juma aje amchukulie maganda. Naye shimo halimfai, maana mvua za masika hulijaza maji. Linalomfaa ni sanduku, na hilo nalo lina nasaba yake: wakati wa Vita Kuu ya Pili, chama cha watunza bustani cha Auckland, waliofuata mafundisho ya Howard, kilibuni kasha la mbao lisilo na sakafu, la futi kama 4 kila upande, lenye nafasi nyembamba kati ya ubao na ubao ili hewa ipite, na mbao za mbele zinazochomoka moja moja. Sifa yake ilifika Uingereza, hata likajulikana kwa jina la sanduku la Nyuzilandi.

Kulitengeneza si kazi ya fundi. Mabanzi yanayotupwa na wapasuaji mbao, ama mbao za makasha ya dukani, nguzo nne, na misumari iliyonyoshwa kwa nyundo, vinatosha. Jambo moja la kuchunga ni ukubwa: lisipungue sana mita moja kila upande, maana lundo dogo halihifadhi joto, na taka zake hukaa tu zikisinyaa. Chini huwekwa vijiti vikavu. Juu yake majani makavu ya mwembe, maganda ya ndizi na mihogo, makapi ya chai, na samadi ya kuku kidogo mahali pa ile ya ng'ombe, kila tabaka ikinyunyiziwa udongo. Kisha gunia kuukuu la kufunikia. Mifupa na utumbo wa samaki visitiwe kamwe, kwa ajili ya panya. Ukifumbata fumba moja, kiganja kilowe pasipo maji kuchuruzika; na baada ya siku chache, ukichoma ufito wa chuma mpaka katikati ukauacha kidogo, ukiuchomoa uwe na moto wa kuhisiwa mkononi. Lundo likinuka, maji yamezidi, basi lipinduliwe na kuongezwa majani makavu. Mwenye nafasi ya masanduku mawili ana raha zaidi, kwa kuwa kupindua kwake ni kuhamisha kutoka hili kwenda lile. Na mbao za mbele zikichomolewa baada ya miezi mitatu au minne, yaliyoiva hukombwa chini, na yale ya juu ambayo bado hurudishwa kuwa mwanzo wa lundo jipya.